UZI: Jenerali Lathbury, mtu wa miavuli aliyefichwa na wananchi Uholanzi 1944, akaja kuwasaka waliofichwa na wananchi Nyandarua 1955

#1 Msoma Ramani
Salaam wakuu. Kuna jina kwenye historia ya vita ya Mau Mau, Kenya, watu wanalipita tu. Tunamtaja gavana Baring, tunamtaja jenerali Erskine, tunamtaja Henderson wa polisi, huyu tunamruka. Gerald Lathbury. Alipokea ukamanda wa majeshi ya Mwingereza Afrika Mashariki kutoka kwa Erskine mwezi Mei 1955 akakaa mpaka 1957, maana yake Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau, anakamatwa, anahukumiwa na kunyongwa, mkubwa wa jeshi ni huyu.

Sasa kilichonifanya nifungue uzi ni huko alikotoka. Sept 17 1944 alikuwa brigedia wa brigedi ya kwanza ya miavuli ya Waingereza, wakashushwa kutoka ndegeni kwa parachuti magharibi ya mji wa Arnhem, Uholanzi, kilomita zaidi ya kumi kutoka daraja walilotumwa kulikamata. Kesho yake risasi ikamwangusha mtaani, kutembea hawezi. Mkubwa wake Jenerali Urquhart mwenyewe na maofisa wawili ndio waliomburuta mpaka ndani ya nyumba ya watu, Mjerumani akatokeza dirishani Urquhart akampiga na bastola palepale. Wakamwacha kwa wenye nyumba maana wangebaki wote wangekamatwa wote. Baadaye akafikishwa hospitali ya St Elisabeth ambayo ilikuwa mikononi mwa Wajerumani, akaficha cheo chake akajifanya askari wa chini, alipoweza kusimama akatoroka. Waholanzi wakamlisha na kumficha mpaka usiku wa Okt 22 kuamkia 23, akavuka mto Rhine na wenzake, watu 138 kwa jumla, Wamarekani wakisaidia kuwavusha kwa boti.

Miaka kumi na moja baadaye huyohuyo anatumwa kupambana na watu waliojificha msituni na kulishwa na wanavijiji. Mimi nadai hivi: yeye kuliko jenerali mwingine yeyote alijua kwa mwili wake kwamba aliyejificha anaishi kwa sahani ya mtu mwingine, na ndiyo maana vita ya msituni ilikwisha chini yake. Karibuni tubishane.

#2 Ngosha_77
Mkuu uzi mtamu. Ila hapo kwenye miavuli mwanangu amechungulia simu akaniuliza baba, walikuwa wanapigana kwenye mvua?

#3 Mpwani Halisi
@Ngosha_77 huyo mtoto hajakosea kabisa! Arnhem kulikuwa na mwavuli wa mvua kweli. Meja Digby Tatham-Warter, kamanda wa kompani A kwenye batalioni ya pili ya Frost, alikuwa anatembea pale darajani risasi zinalia na yeye ana mwavuli mkononi. Sababu aliyotoa ni kwamba alikuwa hashiki maneno ya siri ya kujitambulisha kwa wenzake, akaona akibeba mwavuli hakuna atakayemdhania Mjerumani.

Msoma Ramani umemsahau na ndiye mtu wa maana kwenye hadithi yako. Naye alikamatwa, naye akatoroka hospitali hiyohiyo, akapewa karatasi za uongo akawa anazunguka na baiskeli anajifanya bubu na kiziwi, siku moja mpaka akawasaidia Wajerumani kusukuma gari lao lililokwama. Ndiye aliyekuwa anawakusanya waliojificha kwa ajili ya ule uvukaji wa mto. Na baada ya vita unajua alihamia wapi? Kenya. Amefia Nanyuki 1993.

#4 Msoma Ramani
@Mpwani Halisi daah, umenikumbusha. Na wote wawili walitokea rejimenti moja, ile ya Oxfordshire na Buckinghamshire. Lathbury aliingia huko 1926.

#5 MwanaMathira
Nimesoma #1 mara mbili. Uandishi safi lakini kwenye tarehe umepotea ndugu yangu.

Vijiji vya hali ya hatari vilianza katikati ya 1954, Lathbury hajafika. Alipokuja watu zaidi ya milioni moja walikuwa wameshahamishwa au wako njiani, vijiji zaidi ya 800. Kamata kamata ya Nairobi, Anvil, ilikuwa Aprili 1954, enzi za Erskine. Kwa hiyo kukata chakula hakukuhitaji mtu aliyefichwa na Waholanzi. Kulikuwa kumeshaamuliwa na Baring na Erskine na wakuu wa wilaya.

Na tusiongee juu juu tu kama "sahani". Nyanya yangu alichimba ule mtaro. Maili hamsini pembezoni mwa msitu wa Mlima Kenya, umechimbwa kwa mikono ya watu kama yeye bila malipo. Alikuwa na mimba ya mjomba wangu wa kwanza. Alituambia ukisimama ndani huoni nje, ukitazama juu unaona anga na buti la kamatimu (mgambo wa serikali) tu. Chini walichomeka mianzi iliyochongwa. Jioni mnahesabiwa mnarudi gichagi, yaani kile kijiji, amri ya kutotoka inaanza, na shamba lako uliloliacha umeliona kwa mbali tu siku nzima. Watoto waliokufa kwenye kile kijiji nyanya alikuwa anawahesabu kwa majina, mpaka anafika uzee wake bado anayajua.

#6 Ngosha_77
Pole sana @MwanaMathira. Hayo majina mliwahi kuyaandika mahali?

#7 Mjukuu wa Keya
Heshima kwenu. Mimi niko Tabora. Babu yangu mzaa mama alikuwa keya, askari Mwafrika wa jeshi la mkoloni (King's African Rifles, KAR), 6 KAR ya Tanganyika, na walipelekwa Kenya wakati huo. Kwa hiyo huu uzi kwangu ni mzito kidogo maana kwetu tunakaa kimya tukifika hapo.

Babu hakuwa anasimulia vita. Alikuwa anasimulia baridi na mianzi. Anasema ukiingia kwenye mianzi ya Nyandarua hatua mbili humuoni mwenzako, na kila ukikanyaga inalia, watu wa msituni wamekusikia tangu asubuhi. Halafu akasema kitu ambacho sijasahau, kwamba walikuwa wananuswa. Sabuni, sigara, dawa ya meno, mtu wa msituni anajua kuna askari hapo kabla hajamuona. Ndiyo maana wale waliotumwa kujifanya Mau Mau walikatazwa kuoga, wanavaa ngozi na nguo chafu mpaka wanuke moshi na mafuta ya mnyama.

Kwa hiyo mimi jibu langu kwa #1: siyo sahani, ni pua. Vita iliisha walipopatikana watu wanaonuka kama msitu.

#8 Tangawizi Kali
Babu yangu upande wa baba alikuwa Nyeri akasema aliwaona majoni (askari wa Kiingereza) wa miavuli wamevaa bereti nyekundu wakishuka kutoka angani msituni. Kwa hiyo huyo Lathbury alikuja na vijana wake.

#9 Msoma Ramani
@Tangawizi Kali hapana mkuu, kwa heshima zote kwa babu. Rejimenti ya miavuli haikupigana Kenya kipindi kile. Waliokuja ni batalioni za kawaida za Waingereza zikipokezana, pamoja na keya. Watu wa miavuli 1956 walikuwa Cyprus, na Nov 5 1956 batalioni ya tatu ilirushwa uwanja wa ndege wa Gamil, Port Said, kwenye vita ya Suez. Na mwezi huohuo wa Novemba jeshi likaondolewa kwenye operesheni za msituni Kenya, likaachia polisi.

Labda alichokiona babu ni ndege zikidondosha mizigo au mabomu. Hizo zilikuwepo nyingi, Lincoln kubwa za kutoka Eastleigh na vile vidogo vya Harvard, 1953 mpaka 1955.

#10 Tangawizi Kali
Sawa, nimekuelewa. Mabomu kweli alikuwa anayataja, tembo waliojeruhiwa wanashuka mashambani.

#11 Rukaruka
Mimi nimestaafu, nilikuwa 20 Para Gilgil, batalioni ya miavuli ya jeshi la Kenya, nimeruka zaidi ya mara arobaini. Ngoja niwaeleze kitu ambacho mtu ambaye hajaruka hakioni, kwa nini hizo kilomita kumi ni kila kitu.

Mko kwenye mstari ndani ya ndege, umeshanasa kamba kwenye waya juu, mkono mmoja umeushika, kelele ya injini husikii hata mawazo yako. Taa nyekundu. Unamwangalia wa mbele yako mgongoni tu, mfuko wake wa mwavuli, hakuna kingine duniani. Kijani. Hapo huendi kwa ujasiri, unaenda kwa sababu wa nyuma yako anakuja. Sekunde chache kitambaa kinafunguka juu ya kichwa chako pwaa, halafu kimya, kimya ambacho sijakikuta mahali pengine. Na unaanza kuangalia chini: wenzangu wako wapi? Maana ukitua, wewe si jeshi. Wewe ni mtu mmoja na bunduki na mguu unaouma. Jeshi linakuwa jeshi mkishakusanyika.

Sasa Lathbury alionja hilo mara mbili. Kabla ya Arnhem kuna Sisilia, daraja la Primosole, usiku wa Julai 13 kuamkia 14, 1943. Ndege zao zilipigwa na mizinga ya meli za upande wao wenyewe, zikatawanyika. Brigedi nzima ilikuwa kama watu 1,850, waliofika darajani hawakufika hata 300. Na kule walikutana na askari wa miavuli wa Kijerumani nao wametua palepale. Lathbury akapigwa na guruneti mgongoni na mapajani na akaendelea kuamuru. Tarehe 14 Julai ilikuwa siku yake ya kuzaliwa, anatimiza 37.

Halafu mwaka unaofuata anaambiwa utatua kilomita kumi kutoka darajani. Waliopanga ndege waliogopa mizinga ya karibu na daraja. Akagawa batalioni zake tatu kwenye njia tatu. Moja tu ndiyo ilifika, ya Frost, iliyopita kandokando ya mto. Watu kama 740 wakalishikilia daraja siku tatu na zaidi. Brigedia wao hakufika kabisa, alikuwa amekwama na batalioni ya tatu njia ya katikati. Katika watu karibu 10,000 waliotua Arnhem walioondoka wazima kuvuka mto ni kama 2,400.

#12 Ngosha_77
Shikamoo @Rukaruka. Hapo kwenye kimya nimesisimka.

#13 Rukaruka
Marahaba kijana.

#14 Bi Mkasi
Mimi nauliza swali la wazi. Mtu brigedi yake imekwisha namna hiyo, inakuwaje anapanda cheo mpaka anakuwa jenerali kamili? Kwetu kazini ukipoteza funguo ya stoo tu unaandikiwa barua.

#15 Mpwani Halisi
@Bi Mkasi kwa sababu lawama ya Arnhem ilikwenda juu, kwa waliopanga. Yeye alionekana alipigana, akajeruhiwa, akatoroka. Jeshi linampenda mtu aliyetoroka.

#16 Rukaruka
Naongezea. Vile vile walikuwa wachache. Maofisa wa miavuli wenye uzoefu wa kuongoza brigedi wangehesabika kwa vidole, nani angemfukuza? Akaenda Palestina na brigedi ya tatu ya miavuli, kisha akapewa divisheni ya 16 ya miavuli 1948, kisha akawa mkuu wa chuo cha maofisa Camberley 1953. Ukipewa kile chuo ujue unaandaliwa.

#17 Msoma Ramani
Kuna sababu nyingine haisemwi. Alishakaa Afrika. Kuanzia 1928 mpaka 1933 alikuwa Gold Coast, Ghana ya leo, na askari wa Kiafrika. Na kazaliwa Murree, siku hizi Pakistani. Ni mtoto wa himaya kabisa. Walipotafuta wa kumrithi Erskine hawakuangalia Arnhem peke yake, waliangalia nani ameshaongoza askari weusi.

#18 MwanaMathira
Sasa hapo #17 umejivunja mwenyewe ndugu. Kama alichaguliwa kwa ajili ya Gold Coast basi Waholanzi hawana kazi kwenye maelezo yako.

#19 Msoma Ramani
Sijajivunja, nimeongeza. Mtu anabeba vyote alivyopitia.

#20 Bi Mkasi
Mimi mnielewe, simchukii mtu aliyekufa 1978. Ila naona uzi unaanza kumpenda huyu brigedia. Amefichwa, ameteseka, shujaa. Basi kama alifichwa kwenye nyumba ya mtu na yule mwenye nyumba angeshikwa angepigwa risasi na Wajerumani, huyu angekuwa wa mwisho duniani kuchoma nyumba ya mwanamke kwa kumlisha mtoto wake aliye msituni. Hapo ndipo ninapokwama. 2013 serikali ya Uingereza ilisimama bungeni ikasema inasikitika, ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wazee 5,228. Wale wazee waliteswa na watu wenye vyeo, na juu ya vyeo kuna vyeo.

#21 Mjukuu wa Keya
@Bi Mkasi umesema kweli tupu, na mimi inanihusu moja kwa moja kwa babu. Ila kwa haki: kambi za kizuizini na vijiji vilikuwa chini ya utawala na polisi na magereza zaidi kuliko jeshi.

#22 Bi Mkasi
Mwenye kuchapwa hajui hiyo tofauti baba.

#23 MwanaMathira
Asante @Bi Mkasi. Nyanya aliwaita wote serikali.

#24 Kasuku wa Ziwani
Mimi nawasoma kimya toka asubuhi. Nyote mmewatazama Waingereza tu, kana kwamba watu wa msituni walikuwa wamekaa wanasubiri kushindwa. Kulikuwa na mgawanyiko. Kimathi na Stanley Mathenge, kiongozi mwenzake wa msituni, walikosana kabisa ilipofika 1955, Kimathi anataka bunge na maandishi na vyeo, Mathenge anaona hao waliosoma wanajifanya wakubwa. Risasi zilikuwa chache, bunduki nyingine zimetengenezwa kwa bomba la maji na komeo la mlango. Serikali ikatoa msamaha kwa watakaojisalimisha Januari 1955 ikaufunga Julai. Lathbury amepokea msitu uliokuwa umeshapasuka ndani kwa ndani.

#25 Tangawizi Kali
Mathenge si ndiye alikwenda Ethiopia?

#26 Kasuku wa Ziwani
Acha hiyo. 2003 walimleta mzee kutoka Ethiopia wakampokea kwa shangwe, DNA ikakataa, mzee wa watu alikuwa mkulima tu wa huko. Mathenge mwenyewe hajulikani alikoishia mpaka leo.

#27 Ngosha_77
Na hawa waliojifanya Mau Mau, wazo ni la nani? Lathbury au Henderson?

#28 Kasuku wa Ziwani
Si wa kwanza hata mmoja. Kuna kapteni mdogo kipindi kile, Frank Kitson, alikuwa anafanya hivyo upande wa Kiambu tangu 1954. Henderson wa polisi akaja kuyakuza, akiwatumia waliojisalimisha wenyewe, ndio waliomzunguka Kimathi. Alichofanya Lathbury ni kukubali kwamba msako wa maelfu ya askari kuzunguka msitu unapata watu wachache mno, akaacha vikosi vidogo vifanye kazi. Kwa jenerali hilo si jambo dogo, wengi wanapenda ramani yenye mishale mikubwa.

Huyo Kitson baadaye alikuwa brigedia Belfast, Ireland Kaskazini, 1970 mpaka 1972, na batalioni ya kwanza ya miavuli ilikuwa chini ya brigedi yake. Ndiyo hiyo iliyopiga raia risasi mji wa Derry hukohuko Januari 30 1972, ingawa siku ile ilikuwa imeazimwa kwa brigedi nyingine.

#29 Rukaruka
Kwenye vikosi vidogo nakubaliana na @Kasuku wa Ziwani, na hapo ndipo mimi naona mwavuli. Mtu aliyetawanyika Primosole na wenzake wachache wakashika daraja anaamini vijana wanane waliofunzwa kuliko batalioni inayotembea kwa mstari. Siyo Waholanzi, siyo Gold Coast. Ni Sisilia.

#30 Msoma Ramani
Aisee, sasa kila mtu ana mji wake.

#31 Tangawizi Kali
Aliishia wapi huyu baada ya Kenya?

#32 Mpwani Halisi
Alirudi kwao, akawa mkuu wa mafunzo ya jeshi, kisha mkuu wa ugavi wa jeshi zima 1961 mpaka 1965, halafu gavana wa Gibraltar mpaka 1969. Alikuwepo kwenye ile kura ya Sept 1967, watu 12,138 wakachagua Uingereza na 44 wakachagua Hispania. Gibraltar kuna uwanja wa michezo una jina lake mpaka leo. Nairobi hakuna hata kichochoro. Wa kwetu ni Mtaa wa Kimathi, na sanamu tangu Februari 2007, miaka 50 kamili ya kunyongwa kwake.

#33 MwanaMathira
Vizuri umemfikia Kimathi. Okt 21 1956 alfajiri, alipigwa risasi na askari wa kikabila, Ndirangu, pembezoni mwa msitu. Siyo joni, siyo genge la Henderson, siyo jenerali. Ni mtu wa huko huko Nyeri aliyekuwa zamu. Wazee wa kwetu husema alikuwa ametoka kutafuta chakula. Alishtakiwa kwa bastola akanyongwa Kamiti Feb 18 1957.

#34 Msoma Ramani
@MwanaMathira kutafuta chakula. Si ndicho nilichosema #1?

#35 MwanaMathira
Ulisema Lathbury alikijua kwa sababu ya Arnhem. Mimi nasema hakuhitaji kukijua. Njaa ilikuwa imeshachimbwa kwa jembe la nyanya yangu kabla hajashuka kwenye ndege Eastleigh.

#36 Msoma Ramani
Tarehe za vijiji nimekubali, nitarekebisha #1 jioni. Lile la Waholanzi silitoi, bado naamini lilikuwa kichwani mwake. Mtu hawezi kulala mwezi mzima kwa watu, anasubiri hatua za ngazi kama ni za mwenye nyumba au za Mjerumani, halafu asahau.

#37 Bi Mkasi
Kama hakusahau ndiyo mbaya zaidi.

#38 Mjukuu wa Keya
@MwanaMathira samahani nikuulize, huo mtaro bado upo? Babu alisema waliuvuka kwa ubao usiku na mmoja wao aliangukia ndani, kwenye mianzi. Hakuwahi kusema huyo mtu alikuwa nani.

#39 MwanaMathira
Upo sehemu sehemu. Kwingine umejaa udongo unaona bonde dogo tu shambani. Juu ya kwetu kuna kipande cha kama hatua mia, jirani amepanda nduma ndani maana maji hayakauki. Nikienda Disemba nitapiga picha niiweke hapa. Na wewe kama una picha ya babu na sare ilete, nitamwonyesha mjomba, yule aliyekuwa tumboni.